Mvulana wa Nyuma ya Ukuta

Habari ya kifo cha Bi Raisa ilinikuta nikisubiri lifti katika jengo letu la ofisi hapa Xiaobei, Guangzhou, nimekumbatia sampuli za mapazia. Mpwa wake aliniandikia kwa simu, kwa Kiingereza kilichotafsiriwa na mashine: shangazi alilala Jumapili, hakuamka, hakuteseka, namba yako ilikuwa imebandikwa ukutani jikoni. Nikasoma, nikapanda lifti, nikamwonyesha mteja wangu wa Mombasa yale mapazia, tukavutana bei, mwishowe akachagua rangi ya maziwa. Jioni nilipokuwa navua viatu ndipo nikakumbuka kwamba kuna mtu amekufa. Sijisifu kwa hilo wala sijilaumu. Wanaonijua wamezoea, Da Tunu alikuwa akisema Salha hata umwagie uji wa moto, atauliza kwanza kama umetiwa sukari. Lakini tangu siku ile nikikaa peke yangu natega sikio ukutani, na upande wa pili wa ukuta wangu siku hizi hakuna ila duka la simu. Nasema ukuta kwa sababu Bi Raisa nilimjua kwa masikio kabla ya kumjua kwa macho.

Nilikuja Guangzhou nikiwa na miaka ishirini na tatu, baada ya kumzika mtoto wangu wa kwanza, na kuhusu mambo ya nyumbani nitaishia hapo. Unguja kila aliyenitazama alinitazama kwa huruma, na mimi nilitaka kukaa mahali ambapo watu wananitazama kwa sababu tu nimesimama njiani. Da Tunu akanipokea. Alikuwa mwanamke wa Kariakoo, mnene, mwenye sauti ya kuita watu kutoka ng'ambo ya barabara, na alikuwa amekodi nyumba ya vyumba vitatu katika kichochoro cha kuingilia mtaa wa Dengfeng. Sebuleni aliondoa makochi ya Kichina yote, akatandika mikeka, na kila adhuhuri wafanyabiashara wetu walikuja kula pale: wali, maharage ya nazi ya kopo, samaki wa kukaanga, kachumbari yenye pilipili ya kukutoa machozi. Dirisha halikufunguliwa kamwe kwa sababu kiyoyozi cha jirani kilitupulizia joto lake lote. Wanaume walikuja na harufu ya gundi ya viatu kutoka soko la Liuhua, wengine wakarudi kutoka viwanda vya Xintang vidole vimegeuka buluu kwa rangi ya jinzi, na mazungumzo yalikuwa yale yale kila siku: kontena limekwama, kontena limetoka, laoban fulani amebadilisha kitambaa. Laoban ni bosi. Hapa hata muuza vitunguu ni laoban. Mimi nilimenya vitunguu saumu, nikapakua, nikaosha sahani. Nilifanya kila nilichoambiwa. Mtu aliyekufa ganzi ni msaidizi mzuri sana, hachoki na hana la kuuliza.

Chumba cha tatu alikuwa amepangishwa bibi wa Kirusi. Alikuwa akitoka asubuhi na kurudi alasiri, mdogo wa umbo kama msichana wa darasa la sita, nywele nyeupe zimekatwa kiume, na salamu yake ilikuwa kuinamisha kichwa tu. Lakini kitanda changu kilikuwa kimeegemea ukuta wake, na nyuma ya ukuta ule palikuwa na watu wengi. Palikuwa na mzee aliyekohoa na kunung'unika. Palikuwa na mnyama mdogo aliyepumua kwa haraka puani. Palikuwa na birika, naapa, birika lililokuwa likichemka na kulalamika huku linachemka. Na palikuwa na mvulana. Mvulana huyo ndiye aliyeongea kuliko wote; alicheka, akagomba, akalia, akanyamaza ghafla kama aliyesikia hatua za mkubwa. Mimi nilimsikiliza bila kujiuliza ni nani. Da Tunu ndiye aliyejiuliza.

“Humo ndani kaingia mmoja,” aliniambia akisonga ugali wa Wakenya. “Mmoja! Nimemhesabu kwa macho yangu. Sasa hao wengine wanapitia wapi?”

“Labda ni redio.”

“Redio inapumua? Shoga, mimi nimekaa na watu wa kupandisha tangu mdogo. Yule bibi ni kiti.”

Kwetu kiti ni mtu anayekaliwa na mashetani. Yeye mwenyewe hana kosa, wao ndio wanaokuja na kukaa, na adabu ni kuwauliza majina yao na wanachotaka, kisha wakipewa wanatulia. Da Tunu hakuwa mtu wa kuacha adabu kwa sababu tu yuko Uchina. Ijumaa moja wateja walipokwisha kula akachukua chetezo, akakitia ubani, akanishikisha marashi ya waridi na kitambaa cheupe, tukaenda kubisha hodi. Bi Raisa alifungua akiwa amevaa soksi moja, ya pili imeteremshwa mpaka kisiginoni.

“Mwambie hatukuja kwa shari,” Da Tunu aliniamuru. “Mwambie tunataka kujua walio ndani yake ni akina nani.”

Nikamwambia. Tulikuja kuongea hivyo mwaka mzima, Kiingereza chake cha kuokoteza na changu cha shule, na palipopungua tuliziba kwa Kichina cha sokoni. Bi Raisa alinitazama, akautazama moshi, akapiga makofi mara moja.

“Amewasikia?”

“Sote tumewasikia.”

“Na anawapenda?”

Hilo sikulitafsiri. Yeye lakini alikuwa ameshakaa kitandani, mgongo umenyooka, mikono magotini, akaanza kuwatoa mmoja mmoja. Kwanza mzee, ambaye kumbe alikuwa mbwamwitu mwenye baridi yabisi. Da Tunu akapepea ubani, akauliza kwa heshima kubwa anataka nini. Mbwamwitu akataka tumbaku. Akafuata nungunungu, akataka tofaa. Birika lilitaka lipumzishwe. Mwishowe akaja mvulana, na uso wa yule bibi wa miaka sabini ukafanya kitu ambacho mpaka leo siwezi kukieleza vizuri: mikunjo ilikuwepo yote, lakini nyuma yake palikuwa na mtu asiye na mikunjo. Mvulana akataka maziwa mazito ya kopo, yale matamu.

Tulipotoka nje Da Tunu alikuwa ametulia kabisa. “Hawa si wabaya,” alisema. “Wa kwetu wangetaka mbuzi na pete ya fedha.”

Nilimweleza baadaye kwamba ile ni kazi, kwamba yule bibi alikuwa msanii wa filamu za watoto kwao, na sasa ametafutwa na kiwanda cha wanasesere wanaosema. Da Tunu akaniuliza tangu lini mtu akalipwa mshahara kwa kupandisha. Kila Ijumaa akaendelea kuweka kopo la maziwa mlangoni, na Bi Raisa akaendelea kulimaliza kwa kijiko, na mimi nikaona hakuna haja ya kumsumbua yeyote kati yao.

Baada ya siku ile alianza kula nasi mkekani. Hakujua kula kwa mkono, punje zilimteremka mpaka kwenye kiwiko, wanaume wakamcheka naye akacheka zaidi yao, na katika milo hiyo ndipo nilipoyapata maisha yake, vipande vipande, mimi nikitafsiri na watu wa Xintang wakiuliza. Alikuwa mfupi, kwa hiyo alipoingia studio akiwa binti mdogo walimpa nafasi za wavulana, na akaendelea kuwa mvulana mpaka akakaribia miaka arobaini, kifua kimefungwa kwa bendeji, nywele zimenyolewa. Alipanda mapaa, akaanguka kwenye theluji, akapigana na bata bukini ambao aliwafunza mwenyewe. Uso ulipozeeka wakamwondoa mbele ya kamera, akahamia nyuma yake. Akashona barakoa za wanyama. Akachora misitu ya turubai. Akapiga kinanda. Akawasemea sungura, vyura, majiko na mawingu. Aliongoza filamu fupi moja ya kwake, wakubwa wakaitazama, wakamshukuru, wakaiweka kwenye rafu, na huko rafuni ikabaki. Nchi ile ilipovunjika, studio ikawa ghala la samani, na mtu wa mwisho kuzima taa, alisema, alikuwa yeye, kwa sababu alijua swichi ilipo.

“Kwa hiyo alikuwa staa,” alisema kijana mmoja wa Nairobi. “Yaani mtu wangu, wasee walikuwa wanamjua town yote?”

Nilipomtafsiria, Bi Raisa akapangusa mdomo. Sauti yake waliijua watoto wote, alisema. Jina lake halikujulikana na mtoto hata mmoja. Halafu akatueleza desturi iliyonishangaza. Waliokuwa wakitafuta watoto wa kuigiza walichagua sura nzuri mashuleni, wakawapiga picha, kisha wakagundua kwamba sauti haifai, haisikiki au ina kithembe. Basi yeye aliingia kwenye kibanda na kumsemea yule mtoto filamu nzima. Siku ya kuonyeshwa, mtoto alikuja na mama yake, wakakaa mstari wa mbele. Alifungua mdomo kwenye skrini, akatoka Bi Raisa. Palikuwa na msichana mmoja aliyelia tangu mwanzo mpaka mwisho.

“Ukamfanyaje?” nilimuuliza.

“Nilimpa chokoleti,” alisema. “Nilidhani chokoleti inatosha.”

Kazi yake ya Guangzhou ilikuwa mwanasesere mmoja, mvulana mwenye fulana ya mistari na kofia, jina lake Mitya. Ukimbonyeza tumboni anasema jina lake, anasema ana njaa, anakuomba hadithi, anakwambia haogopi giza. Anacheka na analia. Alikuwa anatengenezwa kwa ajili ya Warusi, na laoban wa kiwanda, bwana mwembamba aitwaye Luo, alikuwa ameambiwa na mnunuzi wake kwamba yuko bibi ambaye ndiye sauti ya utoto wa nchi nzima. Wakamleta. Kibali chake cha kukaa kilitoka kwa Laoban Luo, pango la chumba lilitoka kwa Laoban Luo, na kwao alikuwa ameshauza nyumba. Aliyabainisha haya yote bila kulalamika, kama mtu anayekuonyesha ramani. Mitya akifaulu, wangekuja ndugu zake wengine, dada na mbwa, kazi ya miaka. Mitya asipofaulu, hapakuwa na mahali pa kurudi ila kochi la jikoni kwa mpwa wake.

Macho yake yalikuwa mabovu na mabasi ya kubadilisha yalimchanganya, kwa hiyo Da Tunu akanituma nimsindikize kiwandani, na chakula ndani ya kontena la plastiki. Kibanda cha kurekodia kilikuwa chumba kidogo kisicho na dirisha, kuta zimebandikwa trei za mayai, mlangoni blanketi. Feni ilizimwa wakati wa kurekodi, na lori likipita tulingoja. Laoban alikaa nje ya blanketi na mashine yake, spika za masikio kichwani. Mimi nilikaa kwenye benchi, nikasikiliza, na hata mimi niliyekuwa sisikii kitu nilisikia. Sauti ilipanda vizuri, ikafika pale juu panapotakiwa mvulana, ikapasuka. Akarudia. Ikapasuka mapema zaidi. Chumbani mwake, akijisemea taratibu nyuma ya ukuta, mvulana alikuwepo. Mbele ya kinasasauti, kwa nguvu inayotakiwa, alitoka bibi mwenye mafua. Laoban, ambaye hakujua Kirusi hata neno, akainua kichwa na kusema kwa upole kwamba kesho watajaribu tena. Wakajaribu kesho, na kesho yake.

Siku ya nne au ya tano alitoka kunywa maji, akanikuta peke yangu benchini. Mimi nilikuwa nafunga kontena la chakula, na bila kufikiri nikasema ile sentensi ya njaa. Niliisema kama nilivyoisikia kila siku kupitia ukutani, na kupanda kwake kote na kushuka kwake. Sikujua hata nimeisema. Nilimwona tu amesimama na glasi, maji yanamdondokea kwenye kiatu.

“Tena,” alisema.

Nikasema tena. Hakunisifu. Aliitazama njia ile yote, upande wa ofisi na upande wa ngazi, kisha akaniuliza kama najua nilichosema. Nikamwambia sijui. “Vizuri,” alisema, na kesho yake akamwambia Laoban kwamba macho yake yamechoka, anahitaji mtu wa kumshikia karatasi mle ndani.

Basi ndivyo ilivyokuwa. Nyuma ya blanketi mimi nilisema na yeye akaniongoza. Alinifundisha kwamba sauti ya mvulana haitoki kooni, inatoka magotini. Unasimama vidole vya miguu vimetazamana, soksi moja imeteremka, na unakumbuka kidonda ulichokatazwa kukibandua. Alinipanga midomo kwa vidole vyake, vilivyonuka vitunguu saumu vyetu. Mkono wake ukipanda nilipanda, ukifunga ngumi nilinyamaza. Kilipofika kilio nikamwambia hicho siwezi. Sikumwambia kwa nini, nadhani Da Tunu alikuwa ameshamwambia kwa ishara zake.

“Usihuzunike,” alisema. “Huzuni inafunga koo. Mtoto halii kwa huzuni. Analia kwa hasira, kwa sababu alishasema mara moja na hakuna aliyemsikia.”

Nikalia. Nikalia kilio cha mvulana aliyefungiwa nje, kirefu, chenye kwikwi zake, macho yangu makavu kabisa na mkono mmoja ukijikuna ubavuni kwa sababu ya joto. Nje ya blanketi Laoban Luo akapiga kelele “Hao! Hao!” yaani vizuri, vizuri. Nitasema kweli: sikuhisi kitu. Lakini huo ulikuwa wakati pekee mwaka ule ambapo nilijua kwa hakika kwamba palikuwa na kitu cha kuhisi na kwamba mimi nimekikosa. Bi Raisa alikuwa ananitazama kwa karibu sana.

“Ndiyo maana inafaa,” alisema. “Mimi niliitia moyo wangu wote ikapasuka. Wewe huitii chochote. Mtoto atatia cha kwake.”

Siku hizi nina umri wa kujua kwamba hilo halikuwa sifa. Wakati ule nililipokea kama sifa, na kwa sababu ilikuwa sifa ya kwanza kwa muda mrefu nikaenda nayo jikoni. Nilikuwa nakata vitunguu, nikamwambia Da Tunu kwa sauti ya Mitya kwamba siogopi giza. Mwiko ukamtoka mkononi.

“Kahama!” alisema. “Ya Rabi, kahama! Bibi kachoka, kakuhamishia wewe!”

“Da Tunu, ni kazi.”

“Kazi, kazi! Na yeye alianza hivyo hivyo kwa kazi. Nyumbani kwenu nitawaambia nini? Nimewapelekea mtoto wao kiti?” Akanifukiza ubani mpaka nikakohoa, akamwambia mvulana kwa Kiswahili kinachoeleweka aondoke kwa hiari au kwa lazima.  Jioni Da Tunu aliweka kopo la maziwa mlangoni kama kawaida, kisha akasita, akaleta kopo la pili, akaliweka kwenye mto wangu.

Mnunuzi alikuja mvua zilipoanza. Aliitwa Gleb, mtu mkubwa mwenye koti la ngozi katika joto lile, na Laoban Luo alimkalisha kwenye meza ya chai kati ya rafu za wanasesere, akamimina, akamimina tena. Bi Raisa alikuwa amevaa gauni lake la kola nyeupe. Mimi nilisimama nyuma, mshika karatasi. Gleb akamchukua Mitya, akambonyeza tumbo. Mitya akasema jina lake. Akambonyeza tena, akasema ana njaa. Yule mtu mkubwa akamweka mwanasesere mapajani, akafumba macho, akambonyeza mpaka sentensi zote zikaisha, na alipofumbua yalikuwa mekundu. Akainuka, akamshika Bi Raisa mikono yote miwili, akaibusu. Alisema kwa Kiingereza, ili Laoban asikie, kwamba sauti hii imemlea, kwamba angeitambua hata akiwa amezibwa masikio, kwamba haijabadilika hata kidogo. Kisha akamuuliza jina lake. Alikuwa ameshaambiwa mara mbili.

Nilimtazama Bi Raisa. Alikuwa anatabasamu kama mtu anayesikia jirani yake akisifiwa msibani.

“Nina binti,” alisema Gleb, na alikuwa ameshatoa simu. “Ana miaka mitano. Mwambie kitu. Kama Mitya. Nakuomba.”

Laoban akaacha kumimina. Nilijua tumefika wapi: akifungua mdomo pale mezani atasikika bibi mwenye mafua, na chumba na kibali na dada na mbwa, vyote vitakwenda. Bi Raisa akasimama bila haraka. Akaeleza kwamba msanii wa sauti hatazamwi akifanya kazi, kwao ni mwiko, nani anamtazama mpishi akitafuna? Akaichukua simu, akanionyesha kwa kidole nimfuate, tukaingia kibandani, blanketi likashuka.

Tulisimama na simu kati yetu, spika imefunguliwa kidogo. Nikateremsha soksi. Nikasema mimi ni Mitya. Upande wa pili mtoto akacheka, akaanza kusema, maneno mengi yakikimbizana. Bi Raisa alininong'oneza jibu, nikalisema. Mtoto akauliza tena, akaninong'oneza tena. Tulikwenda vizuri. Nilikuwa sielewi hata neno na sauti ilikuwa inapita ndani yangu kama maji katika bomba, na yeye alikuwa amefumba macho, mkono wake unapanda na kushuka. Kisha mtoto akauliza kitu kifupi, kwa sauti ya chini, na Bi Raisa hakuninong'oneza. Alijibu mwenyewe. Aliinama juu ya simu akajibu, taratibu, kwa sauti yake ile iliyopasuka, na alikuwa na uso ule wa kitandani, wa mtu asiye na mikunjo. Simu ikanyamaza. Mtoto akasema sentensi moja, au mbili. Bi Raisa akafumbua macho. Papo hapo akanisogezea simu mdomoni, akaninong'oneza, nikacheka kicheko cha Mitya, mtoto akacheka, ikaisha.

Hakuna aliyejua. Gleb alirudishiwa simu yake na binti anayepiga kelele za furaha, akaagiza Mitya na dada yake na mbwa wao, Laoban Luo akafungua chai ya bei iliyokuwa imefichwa. Mkataba ulikuwa wa mwaka mzima na ungeongezwa. Kwenye basi la kurudi nilingoja aseme kitu. Alitazama vioo vya maduka mpaka tukafika.

Baada ya siku chache akatutangazia, mkekani, kwamba hatausaini ule mkataba. Alikuwa ameshamwambia Laoban kwamba sauti imekwisha na Laoban alikuwa amemwonyesha tarakimu kwenye kikokotoo, akaongeza, akaongeza tena. Wanaume waliacha kula. Mmoja alisema kwa kweli wazungu wana uwezo, mtu anarushiwa mkate anaukwepa. Da Tunu akampakulia samaki mkubwa. Mimi nilikasirika. Nilikasirika mpaka nikavunja sahani, na niliposhika vile vipande nikatambua kwamba nimekasirika, na nikakaa chini sakafuni kwa mshangao. Alikuwa amefaulu! Nilikuwa nimemfaulisha. Alikuwa na chumba, alikuwa na kazi, alikuwa na mimi upande wa pili wa ukuta, na anakwenda kulala kwenye kochi la jikoni katika mji ambao hata yeye alisema hauna kitu ila theluji na kituo cha mafuta.

Laoban alinipigia mimi simu baadaye, aliniuliza kama najua bibi mwingine. Nikamwambia meiyou, hakuna. Sikusema uongo.

Nilimsindikiza mpaka kituo cha basi la uwanja wa ndege, karibu na stesheni ya treni, katikati ya wachuuzi na mabunda ya nguo yaliyofungwa kwa utepe wa gundi. Alikuwa na sanduku moja na mfuko wa chapati za Da Tunu. Hasira ilikuwa haijanitoka na sikutaka aondoke nikiwa nayo, kwa hiyo nikamuuliza.

“Kwenye simu. Yule mtoto alikwambia nini?”

Aliweka mfuko chini, akausogeza kwa mguu usikanyagwe.

“Aliuliza kama Mitya anaogopa mvua,” alisema. “Lilikuwa swali zuri. Nikasahau kwamba upo. Nikamjibu, nikamwambia Mitya anaipenda mvua, anasimama ndani yake mpaka anaitwa.  Akasema: bibi, wewe ni nani? Toka kwenye simu. Mpe Mitya.”

Mtu wa mabunda akatupita, tukampisha.

“Ni mtoto tu,” nilisema. “Miaka mitano.”

“Nilifanya kazi kwa ajili ya hao, Salha. Wakubwa wananilia hata leo, umemwona Gleb. Wakubwa si kazi yangu.”

“Hata mimi ameniumiza,” nilisema, na ilikuwa kweli. “Wewe hakukuumiza?”

Basi lilikuwa limeshafungua mlango. Bi Raisa alifikiri, kwa uaminifu wake ule ule wa kazini, kama mtu anayetafuta toni.

“Nilikupa simu,” alisema. “Si uliona? Sikukawia.”

Nikamwambia ndiyo, niliona, hakukawia hata kidogo. Akaokota mfuko wake akapanda.